Duka la Utani: kopo la mkono limekubali

Kopo langu la mzaha limekubali. Ukizungusha mfuniko, mkono wa kitambaa unachomoka hadi usawa wa uso, vidole vyote vitano vimesimama, na shabiki wa timu iliyofungwa anaelewa papo hapo anaambiwa nini.

Wazo lenyewe ni duka dogo la vitu vya kuchekesha, Kariakoo, Dar es Salaam, ambamo kila kitu kina mtani wake. Nyoka wa plastiki na mende wa mpira tayari wanauzwa kule pamoja na midoli, na sioni haja ya kuongeza duka la namna hiyo. Ukimshtua mtu yeyote tu, unazua ugomvi, kwa sababu aliyeshtuliwa hajui kwa nini ni yeye. Utani una wenyewe. Mpare na Mchaga, Mnyamwezi na Mzaramo tangu enzi za misafara ya kwenda pwani, bibi na mjukuu, shemeji kwa shemeji. Hata msibani mtani anaruhusiwa kuwachekesha wafiwa. Na pale pale Kariakoo wapo watani wa jadi, klabu za soka za Yanga, iliyoanzishwa 1935, na Simba, ya 1936. Kwa hiyo wateja wapo tayari, na mipaka ya mzaha wanaijua kuliko mimi.

Nimeanza na hao wa soka. Tarehe 6 Mei 2012 Simba iliifunga Yanga 5–0. Tarehe 5 Novemba 2023 Yanga ikaifunga Simba 5–1. Kila upande una mkono wa kumwonyesha mwenzake, basi natengeneza wa aina mbili: mwekundu wa Simba, na wa kijani wenye vidole vya njano wa Yanga. Nembo za klabu siweki, hizo ni mali yao. Rangi zinatosha kabisa.

Kanuni ya kopo ni ya zamani. Soren Sorensen Adams, mzaliwa wa Denmark aliyefanya biashara ya vitu vya mizaha Marekani, aliuza nyoka wa springi ndani ya kopo mwanzoni mwa karne ya 20. Siri yote iko kwenye waya. Ule wa kufungia nondo ni laini, ukishakandamizwa haurudi. Unaotakiwa ni waya wa springi wa milimita moja hivi, na fundi wa eneo la Gerezani anauzungusha kwenye bomba. Mzunguko wake uwe mdogo kuliko kopo kwa kiasi kidogo tu. Ukiachiwa nafasi kubwa, springi inajipinda ubavuni na mkono unatoka umelala. Kitambaa kiwe chepesi, kwa hiyo nachukua vipande vinavyobaki kwa mafundi cherehani na kuvitia sponji kwenye vidole. Ncha za waya zinakunjwa ndani na kushonewa, zisimchome mtu jicho. Hilo silifanyii mzaha.

Nje nimebandika karatasi iliyoandikwa "Korosho za Kubanika". Chini kuna kitako cha pili chenye kunde kavu chache, ili anayelitikisa asikie korosho. Nalipenda sana hili la kunde.

Mto wa ushuzi, ule unaolia ukikaliwa, nao unaendelea, wa tyubu ya pikipiki na gundi ya viraka. Kampuni moja ya mpira ya Toronto ndiyo iliyoutoa miaka ya 1930, na Adams aliukataa kwanza kwa kuona hauna adabu. Sauti inatoka mdomoni mwa mto, pale ngozi mbili za mpira zinapopigana hewa ikipita. Mdomo mpana unatoa sauti nzito. Bibi yangu aliusikia mara moja tu, akasema, "Mume wangu, huu uuweke kwenye kiti cha babu yako."

Upupu hautauzwa. Najua wengi watauulizia, kila aliyesoma shule ya bweni ana kisa chake. Lakini unaumiza, na haumchagui mtani.

Kwa watoto nataka yai la mbao lenye kitendawili "Nyumba yangu haina mlango". Linafunguka kwa kulizungusha upande mmoja tu, na ndani mna jibu pamoja na orodha ya miji, kwa sababu aliyeshindwa lazima atoe mji. Mchongaji ameahidi sampuli.

Fremu za Kariakoo ni ghali, kwa hiyo naanza na meza siku ya dabi, nje ya Uwanja wa Benjamin Mkapa, nikishapata kibali.

Ya Mpare na Mchaga nimewaachia majirani zangu wawili, kila mmoja abuni ya mwenzake. Mpare, akimtania Mchaga kwa kupenda pesa, ametaka pochi inayolia kila inapofunguliwa. Mchaga, akimtania Mpare kwa kupenda kesi, amekuja na hati ya mashtaka ya kuku aliyeibwa, yenye nafasi ya kujaza idadi ya ng'ombe waliouzwa kuendeshea kesi. Hati inakwenda kuchapishwa kwanza, maana pochi bado inasubiri filimbi.