Siku Moja Studioni Tokyo: Kuingiza Sauti za Kijapani Katika Katuni ya Marekani

Wapo wanaodhani kwamba kuingiza sauti za Kijapani katika katuni ya watoto kutoka Marekani ni kusoma tafsiri tu mbele ya maikrofoni. Mimi ni fundi wa sauti hapa Tokyo, na ningependa wajue siku yetu inavyokwenda.

Saa tatu asubuhi napima maikrofoni na kuhakikisha kwamba muziki na milio vimeletwa bila mazungumzo ya Kiingereza. Saa nne kamili tunaanza. Waigizaji huingia chumbani kwa pamoja, kila mmoja akiwa na mswada mkononi na kisikilizi katika sikio moja, ili asikie sauti ya awali huku akitazama kinywa cha mhusika. Maikrofoni ni chache kuliko watu, kwa hiyo anayemaliza kusema hurudi nyuma akinyata ili mwenzake ashike nafasi, na kurasa hufunuliwa bila karatasi kusikika. Hakuna anayekuja na njaa, maana tumbo likinguruma tunarudia. Mvulana wa miaka minane anaigizwa na mwanamke mtu mzima, nami ninayemwona kwa macho yangu humsadiki yule mtoto.

Ilipokaribia saa sita tulifika penye kilio cha mvulana yule, sekunde chache zisizo na neno hata moja. Mwakilishi wa mteja, aliyekuwa akitusikiliza kwa intaneti kutoka Marekani, alisema kilio kilikuwa kikubwa mno. Kilipopunguzwa, akasema sasa ni cha mtu mzima. Kiliporekebishwa, akataka kifuate cha awali pumzi kwa pumzi, kisha akaomba dakika za kushauriana na wenzake, nasi tukakaa tunangoja huku mama yule akinywa maji ya uvuguvugu na koo lake likizidi kukauka. Niliudhika sana. Koo la mtu si waya unaobadilishwa ukikatika, na mayowe ya tukio la dhoruba, tunayoyaacha mwisho makusudi kwa kuwa yanakwaruza sauti, yalikuwa bado. Mwongozaji akakataa marudio mengine, kwa upole lakini bila kuyumba.

Tukamaliza mayowe na kelele za umati tukiwa tumechelewa, kundi la saa kumi likisubiri koridoni. Niliwakumbuka waigizaji wa miaka ya 1950, waliotia sauti katuni za kigeni papo kwa papo hewani, pasipo nafasi ya kurudia.

Usiku nilibaki peke yangu kuchanganya sauti. Radi za dhoruba ile zimepunguzwa mmweko, kama vituo vya televisheni vya Japani vinavyofanya tangu katuni moja yenye mwanga wa kumetameta ilipopeleka mamia ya watoto hospitalini Desemba 1997. Kwa hiyo ngurumo ndizo zinazobeba hofu, na kilio lazima kisikike juu yake. Kinasikika. Nimemwandikia mwongozaji kwamba mteja akikikataa tena, mwigizaji aitwe wiki ijayo, akiwa amepumzika, wala si kesho.