Dar mpaka Lindi na mama, barabara ya Kilwa

Tumetoka Mbagala Rangi Tatu saa kumi na mbili kasoro asubuhi mimi na mama, mwezi wa sita huu, yeye kashika siti ya dirishani na kibegi chake kakipakata, hataki kabisa kiende kwenye buti maana ndani kuna dawa zake na tende za mjomba. Tunaenda Lindi. Mama ni Mmwera na mjomba ndo kaka yake aliyebaki, na kwetu mjomba sio mtu wa kumtumia hela kwa simu ukasema bas nimemaliza, mjomba unamfuata.

Barabara hii Dar tunaiita ya Kilwa, inatoka mjini upande wa bandari, inapita Sabasaba, Mtoni, Mbagala, ukishatoka Vikindu hapo uko mkoa wa Pwani. Mpaka Lindi ni kama kilomita 450, ukiunganisha mpaka Mtwara zinafika kama 560. Mkuranga machungwa yamepangwa mafungu mafungu pembeni ya lami, Kimanzichana, Bungu, Kibiti, hapo sina la kusema sana, ni minazi na mikorosho na trafiki wa tochi, dereva anapunguza anaongeza.

Ikwiriri kapanda mzee mmoja kakaa siti ya ng'ambo yetu, kavaa baraghashia, mkononi ana mkeka wa ukindu kaukunja kaufunga kamba. Nikamwamkia shikamoo babu, akaitikia marahaba mjukuu wangu, akamuuliza mama kwenu wapi, mama akasema Lindi, akasema aa basi wewe unaijua hii njia. Toka hapo sikuwa na kazi nyingine zaidi ya kuwasikiliza wao wawili.

Tumeingia daraja la Mkapa. Wanaopita leo wanaliona daraja tu, mita 970 juu ya Rufiji, dakika mbili umemaliza, wengine wako kwenye simu hata hawainui kichwa. Lilifunguliwa 2003, Mkapa akiwa bado rais, na yeye mwenyewe mtu wa Kusini, wa Lupaso kule Masasi, ndiko alikozikwa 2020. Kabla ya hapo ilikuwa pantoni pale Ndundu. Yani mto wote ule mpana, Rufiji ile ambayo masika inafura inameza mashamba, watu na magari ya mikoa miwili, Lindi na Mtwara, walikuwa wanasubiri pantoni. Ikiharibika mmekwama, mto ukijaa mmekwama, mkichelewa jioni mnalala hapohapo na mbu. Mzee anasema alikuwa anauza samaki wakavu kwa hao waliokwama, biashara ilikuwa nzuri lakini roho ilikuwa inauma, maana alishaona maiti inasafirishwa kwenda kuzikwa kwao inafika pale jua limezama.

Mimi niliivuka hiyo pantoni mara moja tu, mwanzoni mwa 1998, zile mvua za El Nino, nina miaka minane, bibi anaumwa Lindi na mama kaamua tutaenda hivyohivyo. Kuvuka tulivuka. Kilichotushinda kilikuwa mbele.

Kutoka Ndundu mpaka Somanga ni kilomita 60. Ukimtajia mtu wa Kusini wa umri wangu kwenda juu hizo kilomita 60 utaona uso unavyobadilika. Udongo wa pale ni ule mweusi wa mfinyanzi, kiangazi unapasuka nyufa mguu unaingia, mvua ikinyesha unakuwa kama ugali haujaiva, tairi likiingia linazunguka palepale na kila likizunguka linazama. Basi letu lilizama usiku wa kwanza. Wanaume wakashuka kusukuma, wakakata matawi wakatandika chini, lori la mbele nalo limelala upande, kwahiyo hata tungetoka tungeenda wapi. Tulilala siku tatu. Nakumbuka kiatu changu cha kushoto kilibaki kwenye tope, mama kakitafuta kwa mkono mpaka kwenye kiwiko hakukipata, akanifunga mguu na kipande cha khanga akanibeba mgongoni na miaka yangu minane yote. Maji ya kunywa tuliyachuja kwa khanga hiyohiyo.

Na sio sisi tu, ndo ilikuwa maisha. Ilifika mahali mtu wa Mtwara akitaka kuja Dar masika anazunguka Masasi, Tunduru, Songea, Makambako, anazunguka nusu ya nchi kufika mji ambao kwenye ramani uko hapo juu tu. Au anasubiri meli. Kama ni reli, Wazungu waliijenga kule kwa ajili ya karanga, ule mradi mkubwa wa Waingereza ulioanza 1947, reli mpaka Nachingwea na bandari ya Mtwara, karanga zikagoma mradi ukafa, na mwanzoni mwa miaka ya 60 reli nayo ikafungwa wakaing'oa. Kwahiyo njia fupi ya Kusini kwenda Dar ikabaki barabara hii peke yake, ndo maana naiongelea kama naongelea mtu.

Sasa kuna kitu kiliniuma na bado kinaniuma. Daraja limekuja 2003, tukashangilia, halafu hizo kilomita 60 zikabaki tope miaka na miaka. Mwaka 2004 gesi ya Songo Songo ikaanza kufika Dar, imetoka baharini ikaingia nchi kavu palepale Somanga, ikapita kwenye bomba mpaka Ubungo ikawasha taa za mjini, na juu yake watu wanasukuma basi. Sisemi gesi isingekuja, ilisaidia nchi nzima. Nasema mjini nilikuwa nawasha taa nasomea nikijua bomba lile limetokea kwenye tope lililobaki na kiatu changu.

Lami ilikuja kukamilika, alhamdulillah, na hapo ndipo mama na mzee wakaanza kubishana. Mama anasema tulilala pale penye kona kabla ya Nyamwage, mzee anasema hapana, gari zilikuwa zinazama mbele zaidi, hapa palikuwa pakavu, mama anasema wewe baba ulikuwa unauza samaki mimi nilikuwa ndani ya tope. Wanatafuta kwa macho mahali ambapo pamefukiwa kifusi, pakashindiliwa, pakamwagwa lami, hakuna alama. Mama kageuza shingo mpaka tumepita kabisa, mkono wake uko kwenye kioo.

Tukifika usawa wa Muhoro mimi ndo nikamwambia mama angalia huku. Kinjikitile Ngwale, yule wa Ngarambe aliyewapa watu maji, Wajerumani walimnyonga Muhoro tarehe 4 mwezi wa nane 1905. Siku chache tu kabla ya hapo Wamatumbi wa Nandete walikuwa wameanza kung'oa pamba walizolazimishwa kulima, na vita ya Majimaji ikatoka kwenye vilima hivyo vya mkono wa kulia unapoelekea Lindi ikasambaa kusini yote mpaka Songea. Mzee akasema babu yake alikuwa anahadithia ile njaa iliyofuata kuliko hata vita, watu walikula mizizi, Wajerumani walichoma vyakula makusudi. Ndani ya basi ilikuwa inapigwa filamu kwa sauti kubwa, vijana wengi wa huku huku kwetu, na hapa wanapita mara moja kwa wiki wengine mara mbili, natamani kingewekwa hata kibao kikubwa barabarani mtu ajue anapita wapi. Muhoro hiyohiyo mafuriko ya 2024 yaliipiga vibaya, nyumba na mashamba ndani ya maji.

Somanga tumepita polepole. Mwezi wa tano 2024 kimbunga Hidaya kilikuja na mvua maji yakakata barabara hapa, kalavati zikaondoka na tuta lake, mabasi yamepanga foleni pande zote mbili watu wanaangaliana. Na wasafiri wakaambiwa nini? Wazunguke Songea. Siku ile mjomba alinipigia, hakuongea sana, alisema tu "imerudi ile." Nilijua anamaanisha nini. Mwaka 2025 masika maji yakakata tena. Sasa hivi madaraja yanawekwa ya maana, makubwa, nimeyaona kwa macho yangu na nimefurahi, maji ya huku yanahitaji nafasi ya kupita, ukiyabana kwenye bomba dogo yanachukua barabara yako.

Nangurukuru tumekula, samaki wa kukaanga na mihogo, dakika 15 konda anapiga kelele. Hapa ukikata kushoto unaenda Kilwa, mzee ndo kashukia hapa anakwenda Kivinje kwa binti yake na ule mkeka ni wa mjukuu. Kivinje ndo ilikuwa mwisho wa misafara ya kutoka Ziwa Nyasa, pembe na watu waliofungwa minyororo wakapandishwa majahazi, na ndo kwenye mwembe kinyonga walikonyongewa wapiganaji wa Majimaji. Ukienda mbele unafika Masoko, unavuka kwa boti kwenda Kisiwani kwenye magofu, mji ambao Ibn Battuta aliufikia 1331 akausifia. Hatukuwa na muda, ila kama unapita na una siku moja ya ziada tafadhali shuka. Mama alimpa mzee tende kidogo kwa ajili ya mjukuu. Wakaagana kama ndugu, na wamekaa pamoja masaa matatu tu.

Kiranjeranje kuteremka mpaka mto Mbwemkuru ni msimu wa ufuta, pembeni kote miganda imesimamishwa imeegemezana inakauka, chini wametandika maturubai mbegu zisipotee. Basi likasimama kidogo kuna ng'ombe barabarani, mama akafungua kioo ile harufu ikaingia, akafumba macho akasema kumekaribia. Kutoka hapo hakuongea tena mpaka Mchinga, mpaka tulipoiona bahari.

Lindi tumeingia saa nane na nusu mchana. Mjomba alikuwa kibarazani kakaa kwenye kiti chake cha kamba, macho siku hizi hayaoni vizuri, ila sauti ya mama aliijua kabla hatujafika kwenye ngazi. Wakashikana mikono muda mrefu. Salamu zikaenda weee, za watoto, za mguu wa mama, za mvua, halafu mjomba akauliza lile swali ambalo wazee wote wa huku walikuwa wanamuuliza mtu aliyetoka Dar:

"Mmelala wapi?"

Mama akamwambia "hatukulala kaka, chai ya asubuhi tumekunywa Mbagala."

Mjomba kanyamaza kidogo, akapapasa kibegi cha mama pale mapajani, akauliza tende ziko wapi.