Jinsi nilivyoacha kuahirisha masomo ya jioni

Jamani mi nauza nguo soko la Owino hapa Kampala na nasoma kozi ya uhasibu, shida ilikuwa nikifika nyumbani nimechoka nashika simu mpaka usingizi unanichukua. Kilichonisaidia ni mpango wa "ikitokea hivi, nafanya vile", mwanasaikolojia Peter Gollwitzer aliuandikia makala mwaka 1999, yaani usiseme tu "nitasoma", sema lini na wapi. Wangu ni huu: nikishafunga kibanda, kabla sijapanda teksi, nakaa palepale nasoma, na umeme ukikatika nawasha tochi. Simu namwachia dada wa kibanda cha jirani, mwaminifu kweli huyo! Sasa nimefika sura za mwisho, mtihani ni mwezi ujao na naufanya.