Kamera Katika Majumba ya Cedar-Riverside

Treni itokayo uwanja wa ndege wa Minneapolis, Marekani, husimama mtaa wa Cedar-Riverside, na ukishuka tu huyakosi majumba yenye vibao vya rangi yaliyosanifiwa na Ralph Rapson na kukamilika mwaka 1973, ambayo refu kuliko yote lina orofa 39. Nilifika Januari, nimevaa koti la kuazima ambalo baridi ya huko ililidharau, nikiwa na kamera, kinasa sauti na barua ya binamu ya mama yangu, iliyonifaa kuliko vifaa vyote.

Mimi ni Msomali wa Eastleigh, Nairobi, na hii ndiyo filamu yangu ndefu ya kwanza. Waliotutangulia wamefungua njia: Khadar Ayderus Ahmed, aliyehamia Finland akiwa kijana, alipiga filamu yake Djibouti na kutwaa Farasi wa Dhahabu wa Yennenga katika FESPACO, tamasha la filamu za Afrika la Burkina Faso, mwaka 2021, naye Mo Harawe, anayeishi Austria, alifika tamasha la Cannes mwaka 2024 na hadithi ya kijiji cha Somalia. Nawaheshimu, ila wote wawili waliielekeza kamera nyumbani. Mimi niliitaka lifti, chumba cha kufulia nguo na ngazi za majumba haya, wanamoishi watu waliokimbia vita vya 1991, wengi wao wakapitia kambi za Dadaab kabla ya kufika Minnesota, ambako baadhi waliajiriwa katika viwanda vya nyama ya batamzinga.

Tatizo ni kwamba kamera hapo ina historia. Barkhad Abdi, kijana wa Minneapolis, alijitokeza kwenye usaili mwaka 2011, akaigiza haramia wa Kisomali na kuteuliwa kuwania Oscar. Watu wanamwonea fahari, ingawa wapo wanaouliza kwa nini mlango ulifunguliwa kwa haramia kwanza. Mwaka 2016 wakazi waliandamana kupinga tamthilia ya televisheni, wakihofia vijana wao kuchorwa kama magaidi. Kwa hiyo nilipoegesha kamera barazani, mzee mmoja aliniuliza kwa upole ni serikali gani iliyonituma.

Niliirudisha mkobani. Siku zilizofuata nilishinda Karmel, soko la Wasomali lenye maduka ya nguo, vinyozi na vikombe vya chai ya iliki, nikisikiliza tu. Huko ndiko nilikokutana na bibi mmoja mzaliwa wa Barawa, mji wa pwani ya Somalia, ambaye aliposikia Kiswahili changu alinijibu kwa Chimwiini, lahaja ya Kiswahili ya huko, na tukaelewana bila mkalimani, huku wajukuu wake waliozoea Kiingereza wakitukodolea macho. Nadhani hilo lilimfurahisha kuliko maswali yangu.

“Njoo kesho, mwanangu,” aliniambia, “lakini uje na masikio.”

Kesho yake, katika chumba chake cha orofa ya juu, aliweka masharti: sauti yake niirekodi, uso wake nisiuonyeshe, na kabla ya kuhariri nimsomee kila nitakachokitumia. Nikamwambia, “Bibi, nimekubali.” Akasimulia safari ya jahazi kutoka Barawa hadi Mombasa, foleni za chakula kambini, na theluji ya kwanza aliyoidhania majivu. Kisha akaongeza sharti la mwisho: jina lake nilifiche, lakini Barawa niitaje mara mbili, na niitamke vizuri.