Fuvu la kwenye stika na fuvu la Kalenga

Jumamosi nimepanda boda kutoka stendi kwenda Kihesa, kile kibaridi cha Iringa cha mwezi wa saba mnakijua wenyewe, dereva kajifunika koti zito mpaka masikioni na kwenye tangi la mafuta kabandika stika ya fuvu jeupe, macho meusi, meno marefu yameshuka kama vidole. Nikamuuliza, mdogo wangu hilo fuvu unajua ni la nani? Akasema "dada hilo la komando, mtu hatari sana." Nikamwambia ni la Punisher, yule wa komiki za Kimarekani, nikaanza kumuelezea, tumefika Kihesa hata nusu sijafika, ndo maana nimekaa hapa naandika.

Mi komiki za Kimarekani nimezianza sekondari, kaka yangu alikua nazo kwenye flashi. Ila kabla ya hapo, darasa la tano, shule ilitupeleka Kalenga. Kama hujafika ni kama kilomita 15 tu kutoka mjini, kuna makumbusho madogo na ndani kwenye kioo kuna fuvu la Mtwa Mkwawa, chifu wa Wahehe. Tuliingia tunapiga kelele tukanyamaza wote bila kuambiwa. Mzee aliyekua anatuelezea akasema huyu ndo aliwapiga Wajerumani pale Lugalo 1891, na mwaka 1898 walipomzingira akajipiga risasi mwenyewe wasimkamate hai, wakakata kichwa wakakipeleka kwao. Toka siku ile nikiona fuvu limechorwa mahali swali langu la kwanza ni moja tu: la nani hili?

Sasa ukiliuliza hilo swali kwenye komiki unapata majibu ya ajabu. Punisher katoka 1974 kwenye Spider-Man toleo namba 129, kama adui, sio shujaa. Mwandishi Gerry Conway alichora fuvu dogo tu kifuani, mchoraji John Romita ndo akalikuza likajaa kifua kizima mpaka meno yakawa mkanda. Jina lake halisi Frank Castle, mwanajeshi wa Marekani aliyepigana Vietnam, mke na watoto wake wameuawa na majambazi pale Central Park, anaanza kuua wahalifu. Lakini lile fuvu ni la nani? Sio la mke wake, sio la watoto, sio la mtu yeyote, ni la kutisha basi. Na mi naona kwa sababu halina mwenyewe ndo maana kila mtu kalichukua, wanajeshi wa Marekani wamelibandika, mapolisi wamelibandika, mpaka Conway mwenyewe kalalamika hadharani, na 2019 kuna toleo Frank anakuta polisi wameweka stika yake kwenye gari, anaichana, anawaambia kama mnataka mtu wa kuiga muigeni Captain America, yule shujaa mwema wa komiki. Ile kurasa naipenda kuliko risasi zote alizowahi kupiga.

Ghost Rider ndo wangu mimi. Johnny Blaze, 1972, dereva wa pikipiki za maonyesho, baba aliyemlea anaumwa kansa, Johnny anafanya mkataba na shetani ili mzee apone. Kansa inaondoka kweli, afu mzee anakufa kwenye ajali ya pikipiki hiyo hiyo kazi yao. Usiku nyama inaungua kichwani linabaki fuvu lina moto. Lile ni fuvu LAKE. Halijatoka kwa mtu mwingine, analipia mwenyewe deni alilokopa kwa ajili ya mtu anayempenda.

Afu Red Skull. Huyu ni adui wa Captain America, alitoka naye toleo la kwanza, Machi 1941, waliomtunga ni Joe Simon na Jack Kirby, vijana wa Kiyahudi, wakati Marekani hata haijaingia vitani. Fuvu lake lilikua kinyago tu chekundu, na walijua wanachokichora maana SS, kikosi cha Hitler, walivaa alama ya fuvu kwenye kofia zao kweli. Kuna kitu nilikiunganisha nikiwa mkubwa, nikakaa chini. Mwaka ule ule vijana wale wanamchora wakala wa Wanazi mwenye fuvu huko New York, fuvu la Mkwawa lilikua bado Ujerumani. Mkataba wa Versailles wa 1919, ule wa baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia, kifungu cha 246, uliwaambia Wajerumani walirudishe ndani ya miezi sita. Halikurudi mpaka 1954, Twining, gavana Mwingereza wa Tanganyika, alilifuata Bremen huko huko Ujerumani, akachagua moja lenye tundu la risasi kati ya mafuvu mengi yaliyokua pale. Mengi. Na kila moja lilikua kichwa cha mtu.

Ndo maana The Phantom siwezi kumsoma mpaka leo. Wazee wengi wanampenda, wa kwenye magazeti toka 1936, kazi ya Lee Falk. Phantom wa kwanza anaapa kupambana na uovu akiwa kashika fuvu la haramia aliyemuua baba yake, anakaa Pango la Fuvu, pete yake ya fuvu ukipigwa nayo ngumi alama inabaki usoni maisha. Na nchi yake ya kutunga baadae wakaiweka Afrika. Yani mzungu msituni kwetu na fuvu la adui mkononi, afu yeye ndo shujaa! Najua haramia ni muuaji, hadithi imepangwa hivyo ili tukubali. Lakini waliokata kichwa cha Mkwawa nao walimuona haramia. Mi nimesimama mbele ya kile kioo nina miaka kumi na moja, siwezi kuipigia makofi.

Yule dogo wa boda nilimwambia haya ya Kalenga wakati namlipa, kazaliwa Iringa hii hii na hajawahi kufika. Akachukua namba yangu akaondoka. Jana usiku katuma meseji: "dada kamwene, kule kwenye fuvu kiingilio bei gani?" Nimemjibu tunaenda Jumapili, boda yake, mafuta juu yangu.