LCT ya ziwani na dada yake aliyekwenda vitani

Juzi navuka Kamanga kwa kivuko, Ziwa Victoria, jua kali balaa, mbele yangu fuso la dagaa linaingia kwa rivasi, utingo anagonga bodi "njoo njoo njoo, kata kushoto!", mi macho yangu yako kwenye ule mlango wa mbele ulivyolala mchangani kama ulimi. Nikawaza hivi nani alibuni hiki kitu, chombo kinakuja kuegemea nchi kavu hakihitaji hata gati.

Zile za mizigo zinazokwenda visiwani si tunaziita LCT. Tangu niko mdogo nasikia "LCT imefika", nikajua ni jina la tajiri fulani. Kumbe ni jina la vita, ni herufi za Kiingereza za chombo cha kushushia vifaru (Landing Craft, Tank), na ina dada yake mkubwa wa baharini, LST (Landing Ship, Tank).

Waingereza walipotimuliwa na Wajerumani Dunkirk, Ufaransa, mwaka 1940 waliacha vifaru na magari kibao kule, wakaona wakitaka kurudi Ulaya lazima wapate meli ya kuvuka bahari na kutema vifaru ufukweni. Za kwanza kabisa hawakuunda, walichukua meli tatu za mafuta za ziwa Maracaibo kule Venezuela wakazitoboa mlango mbele, maana mdomo wa lile ziwa una fungu la mchanga kwa hiyo zilikuwa zimeundwa kupita maji mafupi. Yaani mama yao ni meli ya ziwa! Nilicheka peke yangu. Moja yao, Bachaquero, Mei 1942 ikapelekwa kuvamia Diego Suarez, Madagaska.

Hapo nikakaa sawa, maana babu mzaa baba alikuwa Keya (KAR, jeshi la Waingereza la Afrika Mashariki), batalioni ya 6, na hao walishushwa Majunga, hukohuko Madagaska, Septemba mwaka huohuo. Madagaska yeye alikuwa anaiita Bukini. Ukimuuliza vita anakusimulia matapishi melini tu, risasi hazitaji.

Na kwa matapishi hata LST hazikuwa na afadhali, chini ni bapa, zikipata wimbi zinalala huku na huku. Wamarekani walitengeneza zaidi ya 1,000, urefu kama mita 100, mwendo wa kobe mpaka mabaharia wenyewe wakasema hizo herufi LST maana yake ni Large Slow Target, shabaha kubwa isiyokimbia. Ila akili yake sasa! Ikiwa safarini inajaza maji kwenye matangi izame kidogo itulie, ikikaribia ufukwe inayapampu nje, inaelea juu, inadondosha nanga ya nyuma ikiwa bado mbali na nchi kavu, inajikita mchangani, milango inafunguka, vifaru hao. Ikimaliza inajivuta kwa ile nanga. Bahari ikipwa inabaki kavu kabisa mchangani inasubiri maji, kitu ambacho ziwa letu halina.

Iliyonikaa moyoni ni LST-325. Ilikuwepo Sisili na Salerno mwaka 1943, halafu Normandy, tarehe 7 Juni 1944 ikatia nanga ufukwe wa Omaha, hukohuko Normandy, Ufaransa, na magari 59 na askari zaidi ya 400, ila siku hiyo mzigo ulishushwa kwa vyombo vidogo. Baada ya hapo ikawa kama daladala, zaidi ya safari 40 Uingereza na Ufaransa, inapeleka magari. Desemba 28 meli ya askari, Empire Javelin, ikapigwa karibu na Ufaransa, hii ikasogea ikaokoa watu kama 700. Chombo cha mizigo hicho.

Mwaka 1964 ikapewa Ugiriki, ikafanya kazi mpaka ikachoka. Mwaka 2000 wakaja wazee wa Kimarekani, wengi wamepita miaka 70, wakaikarabati wenyewe kule Krete halafu, sikilizeni, wakaiendesha wenyewe kuvuka Atlantiki majira ya baridi. Walionywa wakaziba masikio. Tarehe 10 Januari 2001 wakaingia Mobile, Alabama. Leo iko Evansville, mtoni, inatembea bado.

Nikamwonyesha utingo picha yake kwenye simu. Akaitazama, akarudi kuutazama mlango wetu, akauliza, "Hii inabeba fuso ngapi?" Nikamwambia vifaru kama 20. "Mi nimeuliza fuso," akasema, akaenda kuweka jiwe kwenye tairi.