Rampu mmejenga, sasa kitabu je?

Maktaba ikitaka kuonyesha inawajali watu wenye ulemavu, picha ya kwanza kupigwa ni ya rampu, ule mteremko wa kupandishia kiti mwendo mlangoni. Imepakwa rangi, kibao cha kiti mwendo kipo, mgeni rasmi kakata utepe, makofi, watu wametawanyika. Sina ugomvi na rampu jamani, bado kuna majengo kibao hayana hata hiyo moja, ila mimi ni mtu wa uoni hafifu, miguu yangu mizima kabisa, naingia kwa mlango uleule mnaoingilia nyie na shida zangu zinaanza nikishakuwa ndani, manake kilichonipeleka pale ni kitabu na kitabu chenyewe ndo sikifikii.

Ngoja tumalizane na rampu kwanza. Kipimo kinachotumika sehemu nyingi ni 1 kwa 12, yani kila sentimita 1 unayopanda unahitaji walau sentimita 12 za urefu, kwahiyo kama mlango uko juu kwa sentimita 60 rampu yako inatakiwa ifike mita 7 na kidogo. Sasa nenda kaangalie zile za mita mbili mbili zilizobandikwa pembeni ya ngazi. Rafiki yangu anayetumia kiti mwendo anasema kupanda anatafuta watu wawili wa kumsukuma na kushuka anamwachia Mungu. Akishaingia, nafasi kati ya rafu na rafu inatakiwa isipungue sentimita 90 na sehemu ya kugeuzia kiti ni duara la mita 1.5, halafu anakuta boksi la vitabu vya msaada limeachwa katikati ya njia toka wiki iliyopita. Meza nayo ina ubao kwa chini, magoti hayaingii, inabidi akae ubavu ubavu. Na choo, hiki ndo kituko, choo cha watu wenye ulemavu kimegeuka stoo ya mafagio na ndoo na ufunguo anao mtu ambaye leo hajaja kazini.

Haya, tuje kwenye kitabu.

Siku moja nilienda maktaba fulani (jina tuliache), nikakaa kwenye kompyuta ya katalogi, yani orodha ya vitabu vyao, nikafungua kisoma skrini, ile programu inayokusomea kwa sauti kilichopo kwenye skrini, nikawa nasikia "kitufe, kitufe, kitufe, picha, kitufe". Basi. Vitufe vyote aliyetengeneza kaviweka kama picha bila kuvipa majina, kwahiyo anayeona anaona kialama cha kutafuta, mimi nasikia kitufe. Nikaenda mezani kuuliza.

"Kaka kipo rafu ya tatu kulia, angalia tu namba kwenye kibandiko."

"Dada, kibandiko sikioni."

"Aaah pole kaka, kwani hukuja na mtu?"

Hukuja na mtu. Dada wa watu alikuwa mpole tu na akanyanyuka mwenyewe kunitafutia, simlaumu, hakuna aliyemfundisha hata siku moja ampokee vipi msomaji kama mimi. Lakini hilo swali nimelisikia sehemu nyingi mno na huwa linanikaa kichwani, kwasababu nyuma yake kuna wazo kwamba mtu mwenye ulemavu anakuja maktaba kama furushi, lazima awepo wa kulibeba. Hivi kama nataka kusoma kuhusu ugonjwa ambao sijamwambia mtu nyumbani? Kama mama anatafuta kitabu cha sheria ya talaka, aje na shemeji yake amsomee? Mtu mwingine yeyote anachukua kitabu anakaa kona yake anasoma mambo yake na hakuna anayejua, na mimi naona huo ndo utamu wenyewe wa maktaba. Msaada mzuri tunaushukuru, ila msaada ukishakuwa ndo njia pekee ya kusoma basi sina siri tena, kila ninachosoma kinapita mdomoni mwa mtu. Ndo maana nikisikia mtu anasema "tutaweka wahudumu wa kuwasomea" nasema sawa wekeni, lakini msiishie hapo.

Halafu kuna hili la "vitabu vyetu vyote viko onlaini siku hizi". Unapakua kwa furaha, unafungua, kisoma skrini kinakwambia ukurasa mtupu. Kurasa 300, zote tupu. Kilichofanyika ni kwamba kitabu kimeskaniwa kama picha, kila ukurasa ni picha moja kubwa ya maandishi, na programu haioni herufi hata moja humo ndani. Dawa ipo na wala sio ngeni, kuna programu za kutambua herufi kwenye picha na kuzigeuza maandishi ya kweli, unapitisha faili humo halafu mtu anakagua makosa. Kama wewe ni mkutubi na hujui faili zako ziko upande gani, jaribu kubonyeza neno moja uliweke kivuli na ulikopi. Usipoweza, mimi silisikii. Na hata likikopika bado kuna kazi, manake kitabu kisicho na vichwa vya habari vilivyowekewa alama kwenye faili kinanilazimu nianze mwanzo kila nikitaka sura ya tisa, na kurasa za safu mbili husomwa zikiruka huku na kule mpaka sentensi zinapishana.

Wengi wakifikiria asiyeona wanafikiria nukta nundu, yale maandishi ya kusoma kwa vidole, na wanadhani yameisha. Louis Braille aliupata ule mpangilio wa nukta sita akiwa na miaka 15 tu, mwaka 1824 huko Ufaransa, na mpaka leo hakuna kilichoupita kwa mtoto anayejifunza tahajia au hesabu, ukimpa sauti peke yake anajua neno linavyosikika na hajui linavyoandikwa. Kwahiyo wanaosema nukta nundu imepitwa na wakati mimi siwaelewi. Ila wengi waliopoteza uoni ukubwani hawaijui, wenye uoni hafifu kama mimi tunahangaika na maandishi makubwa na sauti, na kitabu kimoja cha kawaida kikigeuzwa nukta nundu kinakuwa majuzuu kadhaa manene ya kujaza rafu. Sauti nayo ina historia yake, Uingereza vitabu vya sauti vilianza 1935 kwenye santuri, upande mmoja dakika 25 hivi, na waliofikiriwa ni pamoja na askari waliopofuka kwenye Vita Kuu ya Kwanza. Fikiria riwaya nzima kwa staili hiyo, unageuza santuri mpaka unachoka. Leo kuna mfumo wa vitabu vya sauti uitwao DAISY, muungano wa mashirika yanayousimamia ulianza 1996, ambao unamruhusu msikilizaji kuruka sura kwa sura, kuweka alama alipoishia, kwenda ukurasa fulani, kama wewe unavyofunua karatasi.

Kilichokuwa kinakwamisha sana ni hakimiliki. Maktaba ikitaka kugeuza kitabu kuwa sauti au nukta nundu, kwenye nchi nyingi ilibidi iombe ruhusa kwa mwenye haki na barua zinaweza zisijibiwe kabisa, na hata nchi jirani ikiwa imeshakigeuza kitabu hichohicho haikuruhusiwa kuwatumia nakala, kwahiyo kazi ileile inarudiwa upya. Ndo ukaja Mkataba wa Marrakesh, ulipitishwa tarehe 27 Juni 2013 na ukaanza kutumika 30 Septemba 2016 baada ya nchi 20 kujiunga. Unaruhusu taasisi kama maktaba kutengeneza nakala zinazofikika bila kuomba ruhusa ya mwenye haki na kubadilishana na nchi nyingine zilizojiunga. Na hauwahusu wasioona peke yao, mwenye disleksia, yani anayeona vizuri ila kusoma maandishi kunamsumbua, yumo, na asiyeweza kushika kitabu au kufunua kurasa kwa sababu ya mikono naye yumo. Kinachoniudhi ni kwamba nchi inasaini halafu sheria ya ndani ya hakimiliki inabaki ileile, au sheria inabadilishwa na wakutubi hawaambiwi, unamkuta mtu anakukatalia kukuskania sura moja kwa kuogopa kosa ambalo kwenye sheria yake mwenyewe sio kosa tena.

Viziwi hawamo kwenye mkataba huo na huwa wanasahaulika kwenye mazungumzo haya, watu wanasema si wanaona, wasome tu. Kwa kiziwi aliyekulia kwenye lugha ya alama, maandishi ni lugha ya pili, kwahiyo hadithi za watoto kwa vidio za lugha ya alama zinahitajika na mkalimani kwenye vipindi vya maktaba anahitajika. Mwenye usonji anaweza kushindwa kukaa kwa sababu ya taa moja tu inayopepesa juu ya kichwa chake, hiyo ni kubadilisha taa, au kutenga masaa fulani yasiyo na kelele wala matangazo ya spika.

Pesa, najua mtaniambia pesa. Lifti ni pesa kweli na mashine ya nukta nundu ni ghali, sibishani. Lakini NVDA, kisoma skrini kilichoanzishwa 2006 na Michael Curran wa Australia ambaye mwenyewe haoni, ni cha bure, kinaingia hadi kwenye flashi, na hata Kiswahili kinasoma, sauti ina pua kidogo ila unaizoea. Kutoa boksi njiani ni bure. Kurudisha ufunguo wa choo ni bure.

Kwahiyo mkutubi ukipata nusu saa wiki hii, fanya hivi. Weka hiyo NVDA kwenye kompyuta moja ya wasomaji, chomoa mausi, zima skrini, vaa hedifoni, halafu tafuta kitabu kimoja kwenye katalogi yako, kifungue na ufike sura ya tatu kwa kutumia kibodi tu. Mwanzoni itakuchanganya kwa sababu hujaizoea, hiyo kawaida, mwite msomaji wako asiyeona akae pembeni akuelekeze. Pale ambapo hata yeye anakwama, andika, halafu mpelekee aliyewatengenezea mfumo.